Sauti za Wazee ni Amana

Kuna jambo linaniudhi na leo sitalimeza. Mzee akifariki, nyumba nyingi hugawana viti, sufuria na kanda zake. Viti hukaliwa, sufuria hupikiwa, kanda hutupwa jalalani. Au, vibaya zaidi, kelele za arusi hurekodiwa juu ya utenzi alioughani bibi. Mali bila daftari hupotea bila habari, na sauti ya marehemu hakuna fundi wa kuiunda upya.

Mtazameni mjukuu mmoja wa Kenya aliyetutoa kimasomaso. Joseph Kamaru, msanii wa sauti ajulikanaye kama KMRU, ni mjukuu wa Joseph Kamaru yule mwimbaji wa Kikuyu, ambaye mwanasiasa J. M. Kariuki alipouawa mwaka 1975 hakuogopa kumwimba. Mzee alifariki mwaka 2018. Kijana hakukubali nyimbo zizikwe naye. Amezitoa upya kwenye intaneti, zisikike. Mwana wa mhunzi asiposana huvuta mivukuto! Kisha mwaka 2022 akatoa Temporary Stored, kazi iliyotokana na rekodi za jumba la makumbusho la Tervuren, Ubelgiji: sauti za Waafrika zilizochukuliwa zikawekwa mbali na watoto wao. Akazipanga pamoja na milio ya mitambo yake, nasi tujiulize zilifikaje kule.

Mkoloni tumlaumu, ni haki yetu. Lakini yeye alichukua akatunza. Sisi tulichoachiwa tumekifanya nini? Siti binti Saad, mwimbaji wa Unguja, alivuka bahari mwaka 1928 hadi Bombay, akaimba Kiswahili kwenye santuri. Haya, nyumba ngapi za Unguja leo zina hata santuri moja yake?

Na hawa watangazaji wetu wa redio! Wimbo unapigwa mwanzo hadi mwisho, mtunzi hatajwi, mpiga udi hatajwi, anayetajwa ni mdhamini wa kipindi. Hiyo ni dhuluma. Mwenye kazi ana haki ya jina lake hata akiwa kaburini, na dhuluma kwa maiti haina pa kuombewa radhi.

Enyi vijana, ninyi ni hodari wa mashine kuliko sisi, na simu zenu zinarekodi. Mkirudi kwenu wakati wa sikukuu, mwombeni babu idhini, mrekodini, andikeni jina lake, mahali na tarehe. Zile kanda za uvunguni mpelekeeni fundi azihamishie kwenye kompyuta kabla hazijaota kuvu.