Baba wa kwenye filamu, baba wa nyumbani

Mtoto aliyekulia Tanga miaka ya 2000 hakuhitaji kuelezwa King Majuto ni nani. CD ikiwekwa tu na sura yake ikatokea, sebule nzima inacheka kabla hajafungua mdomo.

Jina lake halisi ni Amri Athumani. Alizaliwa Tanga mwaka 1948 na akaanza kuigiza jukwaani akiwa bado mtoto wa shule ya msingi. Alipita kwenye maigizo ya jukwaani, kisha kanda, kisha filamu za Bongo zilizouzwa kwa CD mitaani.

Katika filamu nyingi hakuwa kijana mpenzi ambaye hadithi inamzunguka. Alikuwa mzee wa pembeni: baba mkali, mjomba mwenye tamaa, mzee anayejifanya kijana. Hata majina ya baadhi ya filamu zake yanaonyesha hivyo, kama Mjomba na Shikamoo Mzee. Vijana walipendana na kugombana, yeye akaingia na kanzu yake na lafudhi ya Tanga, na mara nyingi watu walitoka wakikumbuka maneno yake kuliko ya mhusika mkuu.

Alipenda pia kucheza na wadogo zake. Alipopatana na Sharo Milionea, kijana wa Muheza, mmoja akawa mzee wa kizamani na mwingine sharobaro wa mjini. Sharo alifariki kwa ajali ya gari huko huko Muheza Novemba 2012. Mzee akaendelea na kazi.

Mwaka 2018 habari zake zikabadilika. Watanzania walisikia kwamba anasumbuliwa na tezi dume, wakafuatilia safari yake ya matibabu India, hadi alipofariki Muhimbili Agosti 8, siku ya Nane Nane, akiwa na miaka 70. Alizikwa Tanga. Kwa wiki kadhaa neno "tezi dume", ambalo wazee wengi hulisema kwa kunong'ona, lilitajwa redioni na kwenye meza za chakula.

Mazungumzo hayo yasife. Tezi dume si jina la ugonjwa. Kila mwanaume anayo. Ni kiungo kidogo kilicho chini ya kibofu, na njia ya mkojo hupita katikati yake. Umri ukienda, tezi huvimba na kuibana njia hiyo. Mara nyingi uvimbe huo si saratani, lakini dalili zinaweza kufanana, na ndiyo maana kipimo kinahitajika.

Mzazi, mwangalie baba au babu aliye nyumbani:

- Anaamka mara nyingi usiku kwenda chooni.
- Anakaa muda mrefu chooni kabla mkojo haujaanza kutoka, au unatoka kidogo kidogo na kukatika.
- Anasema hajisikii amemaliza.
- Anapunguza kunywa maji ili asisumbuke safarini au msikitini.
- Mkojo una damu. Hapo asisubiri hata wiki.

Akishindwa kabisa kukojoa huku tumbo la chini limejaa na linauma, hiyo ni dharura. Apelekwe hospitali saa hiyo hiyo, iwe Bombo au kituo kilicho karibu, awekewe mpira wa mkojo. Dawa za mafua za dukani zinaweza kuzidisha tatizo hili, kwa hiyo aulize kwanza kabla ya kuzimeza.

Mwanaume wa miaka 50 na kuendelea azungumze na daktari kuhusu vipimo, na aliyewahi kuwa na baba au kaka mwenye saratani hiyo aanze mapema zaidi. Kuna kipimo cha damu kiitwacho PSA, na kuna uchunguzi wa daktari kwa kidole, ambao huchukua muda mfupi sana. Wengi huukwepa huo wa pili kwa aibu. Mara nyingine inasaidia mtoto wa kiume au mkwe amsindikize mzee, akae naye kwenye foleni, bila kumuuliza maswali mbele ya wajukuu.

Na kama hujui uanzie wapi, weka filamu ya King Majuto. Mkishacheka, muulize: "Baba, usiku unalala vizuri?"