Hiyo "Bure" Nani Anailipa?

Umeenea usemi miongoni mwa vijana wetu: "Muvi za bure zimejaa mtandaoni." Sisi tunauliza: ni nani huyo mkarimu, asiyejulikana jina wala makazi, anayegharimia kuwawekea watu maelfu ya filamu zisizo zake, kisha asitake kitu?

Tusidanganyane. Mwenye tovuti hiyo hulipwa. Hulipwa kwa matangazo ya kamari na ya picha za uchi, yanayojifungua kila kijana anapobonyeza. Hulipwa pia na wahalifu wanaotega programu za wizi. Kijana hubonyeza "Tazama", akaambiwa kwanza apakue programu fulani, au aweke Flash Player mpya. Hali Flash Player ilisitishwa na wenyewe, kampuni ya Adobe, mwishoni mwa mwaka 2020! Anayekutaka uiweke leo ni mwizi anayebisha hodi. Programu za namna hiyo zikishaingia zaweza kusoma ujumbe na nywila zako, na simu hiyo hiyo ndiyo yenye akiba ya fedha za nyumbani.

Wapo wanaojitetea: "Wenye filamu ni matajiri wa Marekani, hawapungukiwi." Hoja hii haina mashiko. Tangu lini mali ya mtu ikahalalika kwa kuwa mwenyewe ni tajiri? Na filamu za Dar es Salaam zinazoibwa kwa njia hizo hizo, nazo ni za matajiri wa Marekani? Sheria ya Hakimiliki ya Tanzania ya mwaka 1999, na ile ya Kenya ya mwaka 2001, humlinda mtunzi bila kuuliza ana kiasi gani mfukoni.

Wala hatusemi watu wafumbe macho. Njia za halali zipo. Watayarishaji wengi wa kwetu huweka filamu zao wenyewe YouTube, na kuzitazama hakuna malipo. Filamu za zamani ambazo hakimiliki yake imekwisha zinapatikana Internet Archive. Mwenye uwezo na alipie king'amuzi, au huduma ya mtandaoni yenye jina na anwani, na programu yake aichukue katika duka rasmi la simu.

Ndugu zetu, tufikapo buchani huuliza nani kachinja. Basi tuulize vilevile: filamu iliyomo katika simu ya mwanangu imetoka wapi, na mwenyewe kairidhia?

Wabillahi tawfiq.