Hakuzaliwa Mchawi

Kuna sifa tunayopenda kuwapa waigizaji wetu wa kike wenye umri mkubwa, na mimi naiita tusi: "Yule bibi wala haigizi, ndivyo alivyo."

Ingia saluni yoyote ya Madale mchana, televisheni ikiwa kwenye Sinema Zetu. Inarudiwa muvi ya zamani, anatokea Bi Mwenda katika nafasi ya mchawi, na mtu aliye chini ya drai anasema: huyu mama lazima atakuwa nayo kweli, mwangalie macho. Wote wanacheka, lakini kuna ambao hawatanii.

Bi Mwenda anaitwa Fatuma Makongoro. Macho yale ni kazi yake. Kumtisha mtu mchana kweupe, saluni imejaa kelele, na mwangaza wa picha ni mbovu, si kipaji cha kuzaliwa nacho kama kidoto. Ni kujua lini unyamaze, lini ugeuze shingo, na lini umwache kijana anayeigiza nawe apige kelele peke yake. Tukisema "ndivyo alivyo," tunamfuta mfanyakazi na kubaki na mchawi.

Mtazame na Chuma Suleiman, yaani Bi Hindu. Ni wa enzi za Kaole Sanaa Group, kundi tulilolifahamu kupitia ITV na ambalo ndani yake walipita Kanumba na Ray. Vijana wakawa nyota wa makava ya DVD. Kina mama waliowapa vijana hao mtu wa kumwogopa, kumlilia na kugombana naye wakabaki na neno "Bi" na jina moja. Kila muvi iliwahitaji. Ni ngapi ziliandikwa kwa ajili yao?

Majirani zetu Kenya wana somo zuri. Benson Wanjau, Mzee Ojwang wa Vitimbi ya KBC, aliichekesha nchi kwa Kiswahili cha lafudhi ya Kijaluo. Alipofariki Julai 2015, wapo walioshangaa kujua kwamba alikuwa Mkikuyu. Mshangao huo ndiyo heshima kubwa ambayo mwigizaji anaweza kupewa: kumbe alikuwa anaigiza! Mary Khavere, Mama Kayai, aliyecheza kama mkewe miaka yote hiyo, naye anastahili kushangaliwa hivyo, na asisubirishwe mpaka msibani.

Maana sisi hodari wa msibani. Mwaka 2018, King Majuto akiwa mgonjwa, ndipo Waziri Harrison Mwakyembe alipounda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii. Agosti mwaka huohuo Majuto akafariki. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ilikuwepo tangu 1999, na inamtambua mwigizaji. Lakini mtindo wa soko ulikuwa mtayarishaji kuuza haki zote kwa msambazaji kwa mkupuo, na mwigizaji kulipwa mara moja na kuaga. Muvi ikirudiwa mara ishirini, yeye yumo kwenye kioo mara ishirini, na mfukoni hamna kitu.

Uingereza, Jean Alexander alicheza Hilda Ogden, mama wa usafi mwenye rola kichwani, katika Coronation Street kuanzia 1964 hadi 1987. Hakuwa mrembo wa kava. Lakini nyuma ya waigizaji kama yeye kulikuwa na Equity, chama kilichoundwa 1930 na ambacho kimepigania hata malipo ya marudio.

Najua jibu litakalokuja: soko letu dogo, hela hakuna. Sawa. Jina je, linagharimu shilingi ngapi? Kuandika "Fatuma Makongoro" mwishoni mwa filamu, kwa herufi zinazosomeka na kwa muda wa kutosha, ni bure. Kumpa mwanamke wa miaka sitini nafasi ya hakimu, dalali wa viwanja, mpenzi au tapeli, badala ya kibuyu kilekile, ni bure pia. Kinachohitajika ni mwandishi kufikiri dakika tano zaidi.

Wewe unayeandika skripti yako ya kwanza usiku huu, usiishie kuandika "Bibi Mchawi" kisha ukaenda kumtafuta wa kumvisha kaniki. Mpe mhusika jina na kitu anachokitaka. Halafu mtafute mama aliyefanya kazi hii tangu hujaanza shule, mwekeeni kwenye mkataba kipengele cha marudio, na mumwite kwa jina lake lote.