Pwani Inapigwa Picha Kila Siku, Lakini Haitazamwi

Kila msimu wa watalii, droni hupaa juu ya Shela na Diani. Hurekodi bahari ya buluu, tanga jeupe na jua likizama, kisha picha hizo zikauzwa ulimwenguni. Likitokea shambulio au msako wa dawa za kulevya, kamera za habari nazo huja, hushinda siku moja, zikaondoka. Wageni wanatujua kwa picha hizo mbili tu. Mvuvi anayeshona nyavu, mama anayekanda unga wa mahamri usiku ili uumuke kabla ya alfajiri, wazee walioketi barazani na kahawa chungu, hao nani anawarekodi?

Nauliza nikimfikiria Abbas Kiarostami, msanii wa Iran aliyefariki mwaka 2016. Alisomea sanaa za uchoraji Tehran, akawa mpiga picha na mtengenezaji wa filamu. Kamera yake ilikuwa na subira. Filamu yake ya mwaka 1987 inamfuata mtoto wa shule aliyechukua daftari la mwenzake kwa bahati mbaya, akavuka kilima kwenda kijiji cha pili kumtafuta ili amrudishie. Hakuna bunduki wala mapenzi. Ni amana ya daftari tu, na watu wazima wasiomsikiliza mtoto.

Mwaka 1990 mtetemeko mkubwa wa ardhi uliua maelfu ya watu kaskazini mwa Iran, na eneo alikopiga filamu hiyo likaharibika vibaya. Maisha aliyoyarekodi kama mambo ya kawaida yakawa kumbukumbu ya mahali palipobomoka. Alirudi huko, na safari ile ikazaa filamu nyingine mwaka 1992.

Alifika hata kwa jirani zetu. Mwaka 2000 shirika la Umoja wa Mataifa la maendeleo ya kilimo, IFAD, lilimwita Uganda kuwaangalia yatima wa UKIMWI. Alikwenda na kamera ndogo za dijitali kwa nia ya kuchunguza mazingira tu, lakini alichokirekodi ndicho kilichokuwa filamu yenyewe, ABC Africa, iliyotoka mwaka 2001. Mna msiba ndani yake, lakini mna pia watoto wanaocheza na kucheka mbele ya kamera. Usiku umeme unakatika, na mtazamaji anaachwa gizani dakika kadhaa, kama wanavyoachwa wenyeji.

Wako watakaoniambia kwamba hayo ni mambo ya wenye nafasi, vijana wetu wanatafuta riziki. Ni kweli, filamu ya taratibu hailipi kodi ya nyumba, na video ya sekunde 30 huenda ikaleta chochote. Lakini tutazame hasara ya upande wa pili. Mwezi wa Aprili 2018, Mahakama Kuu iliyoketi Malindi iliamuru wavuvi zaidi ya 4,000 wa Lamu walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.76 kwa madhara ya ujenzi wa bandari mpya, tena ikasema haki ya wenyeji ya utamaduni wao imekiukwa. Katika mizozo ya namna hii, swali kubwa huwa: mlikuwa mkiishi vipi kabla? Mlivua wapi, kwa vyombo gani, mkapita mkondo upi? Mwenye picha yenye tarehe, mahali na sauti ya mzee akieleza, ana hoja nzito kuliko mwenye kusema "tangu zamani".

Jambo la pili ni sitara. Sisi ni watu wa faragha. Nyumba ina mlango na mlango una hodi. Mwenye haraka humpiga mtu picha kwanza, akaomba ruhusa baadaye au asiombe kabisa. Anayekaa siku kumi mtaani hujulikana, huulizwa ni mtoto wa nani, na mwenye kukataa hupata wasaa wa kukataa. Kwa hivyo subira ni adabu kabla ya kuwa sanaa.

Hatuhitaji kumngoja mgeni. Vyuo vya ufundi vya kaunti zetu vingeweza kufundisha kamera kama vinavyofundisha ushonaji na umeme. Makavazi ya Lamu na Fort Jesus yangeweza kupokea kazi za vijana na kuzihifadhi. Na kila nyumba yenye simu ina la kufanya: muombe nyanya ruhusa, weka simu mezani, muache azungumze nusu saa bila kumkatiza. Andika jina, tarehe na mtaa, kisha hifadhi nakala mbili.

Wazee wetu wanaondoka, mikoko inakatwa, nyumba za kale zinauzwa. Kiarostami hakujua kwamba ardhi ya kile kijiji ingetetemeka. Sisi mabadiliko yetu tunayaona yakija, na simu ziko mikononi.