Centralia: Si Ukaidi Kupenda Kwenu

Wako wasemao kwamba watu wa Centralia walikuwa wakaidi, kwani mwenye akili hakai juu ya moto. Maneno hayo ni mepesi kwa aliye mbali.

Centralia ulikuwa mji mdogo wa wachimba makaa ya mawe katika jimbo la Pennsylvania, Marekani. Mwezi wa Mei 1962 moto ulitoka katika jaa la taka, lililokuwa ndani ya shimo la machimbo ya zamani, ukapenya hadi kwenye makaa yaliyo chini ya ardhi. Palichimbwa mara kadhaa ili uzimwe, na fedha zikawa zinakwisha moto haujafikiwa. Basi ungali ukiwaka mpaka leo.

Miaka karibu 20 watu waliishi juu yake. Theluji ilianguka, na penye joto haikukaa. Hewa ya sumu isiyo na harufu wala rangi iliingia vyumba vya chini vya nyumba. Mwaka 1981 ardhi ilifunguka chini ya miguu ya mvulana wa miaka 12, uani kwa bibi yake. Akashika mzizi wa mti, binamu yake akamvuta. Hapo ndipo wakubwa walipoamka!

Mimi naona fitina iliyofuata ilichoma zaidi. Aliyeingiliwa na sumu alitaka kuhama. Jirani wa mtaa wa pili, asiyeona moshi wala joto, alisema anafukuzwa ili makaa yake yachukuliwe. Je, ungemlaumu nani, msomaji? Mwishoni mwa 1983 zilitengwa dola milioni 42 za kuwahamisha watu, na wengi wakaenda zao. Mwaka 1992 serikali ya jimbo ikatwaa nyumba zilizobaki kwa nguvu ya sheria. Waliokataa walishitaki, na mwaka 2013 wakaruhusiwa kukaa mpaka kufa kwao, ila nyumba zisirithiwe.

Kuwasaidia watu kuhama kulikuwa haki, sibishi. Lakini kumwacha mtu miaka 20 juu ya moto, kisha kumwita mkaidi na kuwakatia wanawe mirathi, hilo silikubali. Mwaka 1980 walihesabiwa watu zaidi ya 1,000. Mwaka 2020 walikuwa 5.

Makaburi hayakuhamishwa. Na kanisa la Waukreni lingalipo pale mlimani, nao waliohamia miji ya jirani hurudi kusali.