Wimbo wa taifa ni wa kwetu, na jina la mzee hamlijui

Wasee, nikiwaambia kila mkisimama wima kuimba wimbo wa taifa mnaimba mahadhi ya Wapokomo, mtabisha? Ni wimbo wa kubembelezea mtoto, wa huku huku Tana River. Mwaka wa 1963 wanamuziki watano walipewa kazi ya kuitengenezea nchi wimbo: Graham Hyslop, George Senoga-Zake, Thomas Kalume, Peter Kibukosya na Washington Omondi. Mahadhi waliyapata kwa Mzee Meza Morowa Galana, Mpokomo.

Haya, uliza jina hilo darasa lolote Nairobi. Kimya. Na usiende mbali, uliza hapa Garsen steji. Mimi nimezaliwa huku na nililijua nikiwa nishaacha chuo, nikiskroli usiku sina bando ya maana.

Sasa kuna nyinyi mnaoniandikia eti nyimbo za wazee ni ushamba, zikae Bomas watalii wazione. Ushamba gani? Huo ushamba ndio mnaupigia saluti kila Madaraka. Tofauti ni kwamba ukivaa suti unaitwa wa taifa, na nyanya akiuimba jikoni unaitwa wa kizamani.

Na viongozi msijifiche nyuma yangu. Nyinyi mnawaita wazee wacheze juani masaa matatu mkisubiriwa, halafu soda moja na kwaherini. Hiyo mnaiita kuhifadhi utamaduni? Katiba ya 2010, kifungu cha 11, inataka Bunge litunge sheria ili jamii zilipwe fidia au mrabaha utamaduni wao ukitumika. Sheria ya kulinda maarifa ya jadi ikapitishwa 2016. Karatasi iko, sijaona nyanya yeyote huku akiishika.

Lakini wacha nijichome pia, ndio mjue sina utakatifu. Mwaka jana nilimrekodi nyanya mmoja jirani yetu akimbembeleza mjukuu. Sauti imekwaruza, tamu ajabu. Nikaweka biti chini, nikapakia, ikaenda mbali kuliko kitu chochote nimewahi kufanya. Jina lililokuwa pale ni langu tu. Sikumuomba ruhusa, sikumpa hata kilo ya sukari. Aliposikia kwa simu ya mtoto wake aliuliza kitu kimoja: "Kwani mimi nilikufa?"

Manze, sikulala.

Kwa hivyo sisemi tuache kurekodi. Tuharakishe! Mafuriko ya mwisho wa 2023 yalifukuza watu vijijini, na mzee akishahamia kwa mwanawe Mombasa, chumba kimoja, majirani hawaelewi Kipokomo, ataimbia nani? Waorma wana nyimbo za ng'ombe zao, na hao nao mifugo inapungua kila kiangazi. Rekodi basi, lakini omba kwanza. Andika jina la mwimbaji, kijiji, na nani alimfundisha. Pesa ikiingia, gawa. Kama huwezi kufanya hivyo, zima kamera, wewe ni mwizi mwenye taa nzuri.

Ile video nimeishusha. Jumamosi naenda kwake na sukari, majani na simu imejaa chaji. Akikataa, nitakunywa chai nirudi nyumbani.