Barua za Mtu Asiyekuwapo

Wanachama wenzetu, twaomba nafasi katika karatasi yetu hii tuseme juu ya jambo ambalo kila karani alijua, na kila karani hulipuuza mpaka limpate: ni nani azitunzaye barua zetu tukiwa hatupo.

Mwaka jana, mwezi wa Novemba, mwenzetu mmoja alikwenda kwao Chiungutwa, katika Wilaya ya Masasi, kwa likizo yake ya siku 28. Yalikuwa majira ya korosho, na mtu wa kule asipokuwapo wakati wa kuokota na kupeleka ghalani, hesabu yake hufanywa na wengine. Siku ya kuondoka alitupa ufunguo wa sanduku lake la posta, akatuomba tumtunzie barua zake. Tukaitikia vema. Neno "kutunza" tulilipokea kama lilivyo, tukalitimiza kama lilivyo, na hapo ndipo ubaya ulipoingia.

Juma la pili ilikuja bahasha ndefu yenye muhuri. Tuliigeuza mbele na nyuma. Haikuwa yetu, nasi tulifunzwa tangu shuleni ya kuwa barua ya mtu ni kama chumba chake cha kulala, haingii mtu bila kubisha. Tulimpigia simu mara mbili, asipatikane. Basi tukaiweka katika mtoto wa meza, tukafunga. Baada ya siku tatu sisi wenyewe tuliamriwa safari ya kazi ya siku kumi, na ufunguo wa meza tukaenda nao mfukoni. Mwenzetu aliporudi akaifungua ile bahasha, kumbe ni barua ya kumwita katika shauri la kiwanja chake, na siku iliyotajwa imekwisha pita kwa siku sita. Shauri lilikuwa limesikilizwa kwa upande mmoja tu.

Hakutugombeza. Alisema tu ya kuwa tungaliifungua. Nasi tukamjibu ya kuwa hakutupa ruhusa. Wote wawili tulisema kweli, wala kweli hizo mbili hazikumrudishia siku yake.

Wapo watakaosema: zama hizi za simu ya mkononi, barua za nini tena? Ni kweli kwamba salamu na habari za msiba hazingojei stempu. Lakini wasomaji wetu ni makarani, nao wajua ni karatasi ngapi zenye kumbukumbu namba zipitazo mikononi mwao kila siku. Shauri, mafao, hati ya ardhi, onyo la deni: mengi katika hayo bado hutembea ndani ya bahasha, na mengi huja na siku zake zilizohesabiwa.

Tena tutazame namna posta yetu ilivyo. Katika nchi nyingi za Ulaya mtu wa posta hupita mlango kwa mlango. Kwetu barua huishia sandukuni, na aliye na ufunguo ndiye azipataye. Umoja wa Posta wa mataifa, uliofanywa mwaka 1874 katika mji wa Bern, una kanuni ya kuwa barua ni mali ya aliyeituma mpaka itakapofika kwa mwenyewe aliyeandikiwa. Kanuni njema sana. Lakini ikisha tiwa sandukuni, posta imetimiza yake. Kutoka pale mpaka mkononi mwa mwenyewe ni safari nyingine, na msafirishaji wake ni mimi na wewe. Mwaka 2022, kabla ya Sensa ya mwezi wa Agosti, nyumba zetu zilitiwa namba na njia zikapewa majina. Twashukuru, ila namba ya nyumba haisomi bahasha ikiwa mwenye nyumba yuko safarini.

Jambo hili lina upande wa pili, nao ni wa huko nyumbani. Watu wengi wa vijijini hawana sanduku lao. Barua yao huandikwa kwa sanduku la shule, au la kanisa, au la chama cha msingi, nayo hutoka mjini kwa mtu aliyekuwa na safari yake mwenyewe, kisha hupewa mtoto wa shule aipeleke kwa babu. Mtoto akipita kwanza shambani, au akicheza njiani, nani atamlaumu?

Hayo si mageni katika nchi ya Masasi. Tangu mwaka 1876, Askofu Edward Steere alipowafikisha huko watu waliokombolewa utumwani, mahali pale palikuwa na watu walio mbali na jamaa zao. Baadaye vijana wa kusini walitoka kwa maelfu kwenda mashamba ya mkonge, na mwaka 1944 wenye mashamba wakafanya chama chao cha kuwaandikisha, kilichojulikana kwa jina la SILABU. Asiyejua kuandika alimwendea anayejua, na huko nyumbani mama yake alimwendea mwalimu amsomee. Barua ya namna hiyo ilipita vinywa viwili vya watu wengine kabla haijafika sikioni kwa mwenyewe. Yule mwandishi alijua mshahara wa mtu, na yule msomaji alijua ugomvi wa nyumba yake. Heshima ya karani ilitoka kwa sehemu katika hilo, ya kuwa alijua asinene. Martin Kayamba na wenzake walipoanzisha Tanga, mwaka 1922, chama cha watumishi Waafrika wa Serikali ya Tanganyika, heshima hiyo wengi wao walikwisha kuwa nayo.

Basi kutofungua barua ya mwenzio ni desturi ya kale na ni njema, tena Katiba yetu, katika ibara ya 16, yalinda mawasiliano ya mtu. Hatutaki ivunjwe. Tusemalo ni kwamba kuacha ufunguo si kuacha ruhusa, na mtu aondokaye bila kuacha ruhusa humtwika mwenzake mzigo usio na mpini wa kuushika. Akifungua, ni mdukuzi. Asipofungua, ni mzembe.

Yatosha karatasi moja, yenye sahihi na tarehe. Iseme barua zipi zifunguliwe mara zifikapo, kama za serikali, za baraza na za benki, na zipi zisiguswe, kama zile zenye mwandiko wa nyumbani. Itaje mtu wa pili atakayeshika ufunguo ikiwa wa kwanza ameitwa safari, maana hapo ndipo sisi tulipoanguka. Iandike namba ya simu ya jirani wa huko aendako, si yake mwenyewe peke yake. Na habari isomwe kwa simu. Barua yenyewe ikae, isipewe kondakta wa basi. Twajua wengi hufanya hivyo, na mara nyingi hufika salama, lakini kondakta ana abiria na mizigo ya kuangalia, na bahasha haina mdomo wa kumwita.

Mwenzetu mmoja mzee alituambia ya kuwa kuandikiana karatasi kati ya ndugu ni kuonyeshana mashaka. Twamheshimu, lakini hatukubali. Sisi na yule wa Chiungutwa hatukuwa na mashaka hata kidogo.

Kadhalika twaomba kila tawi liweke daftari moja la barua za wanachama waliohama au walio likizoni: tarehe iliyofika, jina la aliyeipokea, tarehe aliyopashwa habari mwenyewe. Zipo bahasha ofisini mwetu zilizoandikwa "amehama" kwa wino mwekundu, wala hapana aliyeandika amehamia wapi. Jambo hili tutalileta katika mkutano ujao, na atakayelipinga aje na njia iliyo bora.

Sisi karatasi yetu tumekwisha iandika. Imebandikwa ndani ya mlango wa kabati, na mtu wa kwanza aliyetajwa humo ni yule yule wa Chiungutwa. Alikubali, akacheka, akauliza kama barua za mke wetu nazo azifungue.